Mzee T-Bone: mechi 11 ligi kuu, maisha yote kwenye vipaji

Wadau wa mpira wa Mbeya, leo naomba tuongee besiboli kidogo. Najua wengi hatuifuatilii ila huyu mzee anatuhusu kabisa.

Anaitwa Tom Giordano, walimzoea kama T-Bone, mzaliwa wa Newark, New Jersey, 1925. Alikuwa analinda besi ya pili, yaani wale wa ndani wanaookota mpira unaotambaa na kuurusha chap kabla mkimbiaji hajafika. Ligi kuu ya Marekani alicheza mechi 11 tu, 1953, na Philadelphia Athletics, basi. Na mwaka huohuo alikuwa Savannah kwenye ligi ya chini akapiga homrani 24, yaani mipira inayopigwa mpaka nje ya uwanja, akaongoza ligi hiyo, akampita hata Hank Aaron aliyekuwa na 22, Aaron huyohuyo aliyekuja kustaafu na 755 ligi kuu! Muda mwingine wote ni kuzunguka timu za madaraja ya chini.

Akageukia kazi ya skauti, yaani kusaka vipaji, na huko ndo akawa mkubwa. 1978 alikuwa mkuu wa maskauti Baltimore Orioles, wakamchukua Cal Ripken Jr. raundi ya pili ya timu kugawana wachezaji chipukizi. Timu nyingi zilikuwa zinamtaka dogo awe mrushaji, yule anayemrushia mpigaji mpira na hachezi kila siku, maana mkono wake ulikuwa wa moto, Orioles wakamweka acheze kila siku, na 1982 akahamishiwa shotistopu, pale kati ya besi ya pili na ya tatu, sehemu iliyozoeleka kuwa ya wafupi wepesi wakati yeye ana sentimita 193. Akaja kucheza mechi 2,632 mfululizo bila kukosa hata moja.

Hapo ndo naumia nikikaa pembeni ya viwanja vyetu vya Uyole. Huku dogo akirefuka tu, moja kwa moja beki wa kati, hakuna anayeuliza. Kuna mmoja wa sekondari namfuatilia, mrefu, wamemgandisha namba tano, lakini mtazame kabla mpira haujamfikia: ameshageuza shingo mara mbili, anapokea kwa mguu wa mbali na adui, pasi inatoka kwa mguso mmoja. Washabiki wanamshangilia akibutua, mi naangalia ile shingo. Huyo ni namba sita kabisa, kiungo mbele ya mabeki, jamani.

Giordano alifanya kazi hii mpaka uzeeni, kwenye timu za Cleveland, Texas na Atlanta, akafariki Februari 2019 ana miaka 93. Na sisi hapa tuna wachezaji wa zamani wa Prisons na Mbeya City wamejaa mtaani, waliocheza misimu miwili mitatu hawakutajwa sana, wanajua mpira kuliko sisi wapiga kelele, na hakuna klabu inayowapa hata nauli ya daladala waende Mbalizi wakaangalie watoto. Viongozi wa klabu mnaosoma hapa, UMISSETA ya wilaya, yale mashindano ya shule za sekondari, ikianza tumeni hata mmoja, na akifika Uyole amwombe kocha amjaribu yule dogo mrefu pale katikati walau kipindi kimoja.