Siku moja maishani mwangu: punda amepita, shogi imekwama

Saa 11 alfajiri. Kwa kawaida adhana ndiyo huniamsha hapa Langoni, Lamu, lakini leo simu imeitangulia. Zamu ni yangu, na ujumbe unasema ankara za mteja hazifunguki. Nikasali kwanza, kisha nikafungua kompyuta ukumbini kabla joto halijapanda.

Kazi yangu ni mtandao wa klasta (makundi ya seva zinazofanya kazi pamoja) zinazoendeshwa na Kubernetes, mfumo wa kupanga na kusimamia programu: kuhakikisha programu zilizopakiwa ndani ya kontena zinafikiana, hata zikiwa kwenye seva tofauti. Mtaani husema tu kwamba nafanya "mambo ya kompyuta", watu wanaridhika. Neno Kubernetes ni la Kigiriki, maana yake mshika usukani wa chombo. Hilo babu yangu, aliyekuwa baharia, alilielewa mara moja, akauliza chombo chenyewe kiko wapi. Hapo ndipo maelezo yaliponishinda.

Saa 2 asubuhi. Mahamri, mbaazi, mkutano wa dakika kumi. Mwenzangu wa Nairobi keshatoa hukumu: "Ndugu yangu, hiyo ni DNS tu." Yaani mfumo unaogeuza majina kuwa anwani za mtandao.

Simlaumu. Podi, yaani kifungashio kidogo kinachoendesha kontena, hufa, ikazaliwa nyingine yenye anwani mpya ya IP, kwa hiyo hakuna anayeitafuta kwa anwani. Programu huita jina la Service, jina la pamoja la podi za kazi moja ambalo halibadiliki, na CoreDNS, seva ya DNS ya klasta, hulijibu. Ni kama mji wetu: hapa huulizi nyumba namba ngapi, unauliza kwa fulani ni wapi, na mtoto anakupeleka mpaka mlangoni. Mtoto akipotea, mji mzima unasimama.

Ila leo mtoto hakupotea. Nimemaliza saa mbili nzima kuthibitisha hivyo, kila jina linajibiwa. Nikageukia sera za mtandao, kwa kuwa podi zote huruhusiwa kuzungumza mpaka mtu aweke sera ya kuzuia, na wako wanaozuia kila kitu wakasahau kuacha wazi mlango 53 wa DNS. Huko nako shwari.

Saa 5. Nilipaswa kuanza na swali hili: ni ankara zipi hazifunguki? Nikampigia mteja. Za mstari mmoja zinafunguka, akasema, za kurasa nyingi ndizo zinazunguka tu. Tena si kila mara. Nikalinganisha na mahali podi zilipo: tatizo hutokea jibu likitoka kwenye seva mpya tuliyoiongeza wiki iliyopita, iliyo katika kituo kingine na kuunganishwa nasi kwa handaki la WireGuard, yaani njia ya siri inayopita juu ya mtandao wa kawaida.

Kidogo kinapita, kikubwa hakipiti. Anayeifanya kazi hii ameshatabasamu.

Nikaingia ndani ya podi nikatuma ping, ujumbe mdogo wa kupima kama njia inafika, iliyokatazwa kugawanywa vipande. Ya baiti 1342, jibu likaja. Nikaongeza baiti moja tu. Kimya.

Hesabu yake ni hii. Njia ya kawaida ya Ethernet, mtandao wa waya, hubeba pakiti (kifurushi cha data) ya baiti 1500. Klasta yetu hutumia VXLAN, ambayo huifunga pakiti ya podi ndani ya pakiti nyingine, na ufungaji huo hula baiti 50. Ndiyo maana mipangilio yetu ilisema podi zisizidishe 1450. Lakini handaki letu hubeba 1420 tu. Toa 50, zinabaki 1370. Ping yenyewe ina vichwa vya baiti 28, na 1342 ukijumlisha 28 unapata 1370 kamili. Pakiti iliyozidi ilipaswa kurudishiwa taarifa ya ICMP, ujumbe wa mtandao wa kuripoti hitilafu, kwamba njia ni nyembamba, ila ukuta wa moto (kichujio cha usalama) wa njiani ulizizuia taarifa hizo. Mtumaji akabaki anatuma, anangoja, anatuma tena.

Saa 8 mchana, baada ya Adhuhuri na wali wa samaki. Kubadilisha namba, 1450 iwe 1370, ni sekunde tano. Kazi ni kwamba podi zinazoendelea kuishi hubaki na kipimo cha zamani, kwa hiyo nimeziwasha upya kundi kwa kundi huku mteja akiwa hewani, kila dakika akiuliza: "Bado?"

Saa 10 na nusu. Ankara ya kurasa nyingi imefunguka. Nimefunga kompyuta.

Saa 12 jioni, barazani, kahawa tungu. Ami mmoja jirani, mwenye punda wa kubeba mchanga, akauliza kwa nini nimeshinda ndani. Nikamwambia: ami, punda mwenyewe anaenea kichochoroni, lakini ukimtia shogi, vikapu vya mzigo vya ubavuni, anakwama kwenye kona. Leo nimeshinda nikipunguza mzigo.

Akanywa kidogo. "Na kichochoro hamkukipima kabla ya kumpitisha?"

"Hatukupima."

"Na huo mzigo wa kwanza aliupanga nani?"

Nikamwita muuza kahawa atuongeze vikombe viwili.