Namba 17

Jirani anapaka geti lake rangi nyekundu tangu asubuhi. Rangi ya mafuta. Nimefunga madirisha lakini wapi, harufu imeingia mpaka kwenye chai, na mimi nimerudi shambani kwetu Kigoma, likizo ya Desemba 2006, kopo la rangi mkono mmoja na brashi mkono mwingine.

Habari ya viwanja mnaijua. Halmashauri ilitaka eneo lote kuanzia barabarani mpaka kijitoni, bikoni zikachimbiwa, mkutano ukaitwa, watu wakasaini mahudhurio ambayo baadaye yaliitwa ridhaa. Nayaruka hayo.

Siku ya uthamini, ya kuhesabu mali za kulipwa fidia, ndiyo inayonishinda kuiruka. Msaidizi wa mthamini aliamka na homa, ikatakiwa apatikane kijana anayejua kuandika. Baba akanisukuma mbele kwa fahari. Kazi yangu ilikuwa kuchonga kipande cha shina la mchikichi kwa panga, kupaka namba, kisha kujaza mstari kwenye fomu. Mchikichi, unazaa, mmiliki: baba. Mchikichi, mche, mmiliki: baba. Nyuma yetu mtendaji wa kijiji anakula embe. Tukaenda hivyo mpaka 16.

Kwenye wa 17, ule wa kisimani, baba akasema, "Huo si wangu."

Mthamini akainua kichwa. "Shamba si lako, mzee?"

"Shamba langu. Mchikichi wa dada yangu. Marehemu baba alimpa alipoolewa."

"Yuko wapi?"

"Ng'ambo. Kalemie, Kongo."

Kimya. Nzi alikuwa anatembea kwenye ukingo wa kopo, nikawa namwangalia yeye ili nisiangalie watu. Kisha mthamini akasema taratibu, kama anayeongea na mzazi wake, "Mzee, tuandike wako tu. Pesa ikitoka utampelekea." Alikuwa anatutakia mema yule bwana. Miaka yote hii nimejaribu kumchukia, nimeshindwa.

Baba hakumjibu. Alinigeukia mimi. "Andika jina la shangazi yako."

Nikaandika, kwa mwandiko wangu wa wakati ule wenye mikia mirefu. Halafu, bila kuambiwa na mtu, nikajaza safu ya maelezo: alipewa na babu, mwenye shamba.

Fidia ilitoka ya mazao tu, ardhi hawakuigusa. Sheria za ardhi za 1999 zinataka fidia kamili, ya haki na ya haraka, kwa hiyo baba akaenda Baraza la Ardhi na Nyumba. (Leo, baada ya marekebisho ya 2020, ingebidi atoe notisi ya siku 90, amuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali na afungue shauri Mahakama Kuu. Angeishia kwenye notisi.)

Wakili wa halmashauri hakuwa na maneno mengi. Alisoma mstari wa 17, akasoma na maelezo. Mwenye shamba ni babu. Babu amefariki. Mirathi haijafunguliwa. Huyu mzee anadai kama nani?

Mwenyekiti akaiinua fomu. "Mwandiko huu ni wa nani?"

Nilikuwa benchi la nyuma, miguu imekwisha nguvu. Baba akajibu haraka, "Wangu."

Na hati ya madai ipo pale pale mezani, chini yake dole gumba lake kwa wino wa bluu. Mzee mmoja wa baraza alikohoa. Hakuna aliyecheka.

Shauri likaondolewa, tukaambiwa tukafungue mirathi Mahakama ya Mwanzo ndipo turudi. Hatukurudi. Baba hajawahi kunitajia ile safu ya maelezo, wala mimi sijawahi kumuuliza kwa nini kwa mthamini alikataa uongo mdogo wa kutufaa, halafu barazani akasema ule usiomfaa kitu.

Shangazi hupiga simu kila sikukuu. Akishamaliza salamu za watoto, huuliza kama mchikichi wake bado unazaa.

Namwambia unazaa.