Mstari wa bahari haupo milimani

Nilijifunza kurusha ndege hapa Mombasa, na kwa muda mrefu sikujua kwamba bahari ilikuwa ikinifanyia nusu ya kazi. Uwanja wetu wa Moi pale Port Reitz uko takriban futi 200 tu juu ya usawa wa bahari, njia yake kubwa ya kurukia ina urefu wa zaidi ya kilomita tatu, na ukishapaa na kugeukia mashariki unaliona mbele yako lile bapa la maji linalokutana na mbingu kwa mstari mmoja ulionyooka. Mstari ule ndio uliokuwa ukiniambia kama pua ya ndege imeinuka kupita kiasi au kama bawa limelala upande. Miaka mitatu iliyopita, nilipoanza masomo ya kurusha ndege ndogo milimani na kwenye viwanja vya mbali, kitu cha kwanza nilichopokonywa kilikuwa mstari huo.

Ukiwa ndani ya bonde, upeo wa macho haupo. Mbele kuna mteremko wa mlima, kulia kuna mteremko mwingine, na jicho, kwa kutafuta pa kushika, huuchukua ukingo wa mlima likaufanya kuwa ndio upeo. Kwa kuwa ukingo huo uko juu kuliko upeo wa kweli, mkono huivuta pua ya ndege juu bila mwenyewe kutambua, kasi ikapungua kidogo kidogo, na rubani akadhani anakwenda sawasawa ilhali mabawa yanakaribia kuishiwa na hewa ya kuyabeba. Hilo lilinipata katika safari yangu ya kwanza upande wa milima ya Taita. Mwalimu wangu, mzee aliyezaliwa huko huko Taita na aliyetumia zaidi ya nusu ya umri wake angani, hakunikemea. Aliunyoosha mkono akakigonga kioo cha kipima kasi kwa kidole, mara mbili, nami nikaona sindano imeshuka hadi noti 68, wakati mimi nilikuwa na hakika kwamba tuko kwenye 90. (Noti moja ni maili moja ya bahari kwa saa, marubani na mabaharia wanahesabu sawa.) Tangu siku hiyo, nikiingia milimani, jicho langu hurudi kwenye kipimo hicho mara nyingi kuliko linavyorudi kwenye mandhari, hata mandhari yakiwa mazuri namna gani.

Kitu cha pili ambacho bahari ilinificha ni uzito wa hewa. Tulipokwenda Nairobi kufanya mazoezi katika uwanja wa Wilson, ulio futi 5,536 juu ya usawa wa bahari, nilikuwa nimezisoma hesabu zote na kuzifaulu katika mtihani, lakini mwili wangu ulikuwa haujazielewa. Kwa kipimo wanachokitumia marubani wote, hewa ya kawaida huwa na joto la digrii 15 za Selsiasi kwenye usawa wa bahari, na hupoa kwa takriban digrii mbili kila upandapo futi 1,000. Kwa hesabu hiyo Wilson ingepaswa kuwa na digrii nne. Mchana ule ilikuwa na digrii 26. Kila digrii ya ziada huifanya ndege ijihisi kana kwamba iko futi 120 juu zaidi, kwa hiyo digrii 22 zile ziliongeza zaidi ya futi 2,600, na ndege yetu, aina ya Cessna 172, ikawa inaondoka katika hewa ya futi 8,000 na ushei ilhali magurudumu yake bado yanagusa lami. Injini ya kawaida, isiyokuwa na kifaa cha kuisukumia hewa, hupoteza takriban asilimia 3 ya nguvu zake kwa kila futi 1,000. Karibu robo ya nguvu, basi, haikuwapo.

Mwalimu aliniagiza nikivute kidogo kile kitufe chekundu cha kupunguzia mafuta, maana hewa ikiwa nyepesi, mafuta yaleyale huwa mengi mno kwa injini. Nilikivuta hadi mlio ukalainika na mizunguko ikapanda, kisha nikaachia breki. Tulikimbia, tukakimbia. Kasi kwenye kipimo ilikuwa ileile ya pwani, lakini alama nyeupe za katikati ya njia zilikuwa zikipita chini yetu kwa haraka nisiyoizoea, kwa kuwa katika hewa nyepesi ndege hulazimika kwenda mbio zaidi juu ya ardhi ili kipimo kisome kasi ileile. Mkono wangu ulitamani kuivuta ndege iinuke kabla ya wakati wake. “Iache, mwanangu,” alisema mwalimu, “itaondoka yenyewe ikiwa tayari.” Iliondoka, ikapanda polepole mno kiasi kwamba nilidhani kuna hitilafu. Hapakuwa na hitilafu yoyote. Hivyo ndivyo ndege ile inavyopanda mahali pale, saa ile.

Marehemu babu yangu alikuwa nahodha wa jahazi, na nyumba yetu ya Mji wa Kale ilijaa maneno ya upepo: kusi, kaskazi, umande, malelezi. Alitufundisha tangu utotoni kwamba kila chombo na kila kisiwa kina upande wa goshini, upepo unakotoka, na upande wa demani, upepo unakoelekea. Vitabu vyote vya urubani nilivyosoma ni vya Kiingereza, lakini kila nilipolazimika kuamua upesi kuhusu upepo wa milimani, maneno yaliyonijia kichwani ni ya babu, na sioni sababu ya kuyatafutia badala.

Upepo wa kusi hutoka baharini, ukaivuka nyika kavu ya Taru bila kizuizi kikubwa, kisha ukaigonga milima ya Taita, ambayo kilele chake kirefu, Vuria, kina mita 2,208, yaani zaidi ya futi 7,200. Hapo hauna pa kwenda ila juu. Upande wa goshini upepo hupanda, hupoa, na kufanya mawingu. Ndiyo maana misitu kama Ngangao na Chawia hubaki na unyevu wakati nyika iliyo chini yake imekauka. Rubani anayetoka Mombasa kwenda magharibi wakati wa kusi hupokelewa na upepo huo unaopanda, akainuliwa bila jasho, na akaweza kudhani kwamba milima ni rafiki yake. Taabu iko kwenye kurudi. Wakati wa kurudi unaikabili milima ileile kutoka demani, ambako upepo uliokwisha kuvuka kilele unaporomoka, na unaikabili huku upepo ukikupinga usoni, kwa hiyo unakawia zaidi ndani ya ule mporomoko.

Tulilifanya hilo kwa makusudi, kama somo, mnamo mwezi wa Julai, saa sita mchana. Tulikuwa futi 1,000 hivi juu ya ukingo, nami niliona kuwa zinatosha. Tulipobakiwa na kilomita mbili hivi, kiti kilishuka chini yangu. Nilisukuma nguvu zote za injini, nikaiweka ndege kwenye kasi yake bora ya kupanda, na bado kipimo kilisoma kwamba tunashuka futi 700 kwa dakika. Hapana ustadi wa mkono unaoshinda jambo hilo, kwa sababu ndege ile, katika kimo kile, haipandi kwa futi 400 kwa dakika hata hewa ikiwa imetulia. Kilichotuokoa ni kwamba mwalimu alikuwa amenitaka niukaribie ukingo kwa mshazari wa digrii 45, si kuuelekea moja kwa moja. Kwa sababu ya mshazari huo, kuligeukia bonde lililo wazi kulihitaji robo ya mzunguko tu. Niliinamisha pua kidogo nisipoteze kasi, nikageuka kuelekea ardhi ya chini, na katika muda usiofika dakika moja hewa ikatulia. Tulirudi kwa kuizunguka milima upande wa Voi, tukachelewa dakika 20. Siku hizi, upepo ukiwa na nguvu, sivuki ukingo wowote nikiwa chini ya futi 2,000 juu yake, na vileleni ukipita noti 25 sivuki kabisa.

Somo ninalolithamini kuliko yote lilifanyika mezani, kabla ya kupanda ndege. Mwalimu alikunjua ramani ya kipimo cha 1:50,000, akatoa mfukoni sarafu ya shilingi moja, akaiweka juu ya bonde tulilokusudia kuingia, bonde linalopanda kuelekea Wundanyi, akaanza kuisogeza polepole kwenda juu. Sarafu hiyo ina upana unaokaribia sentimita mbili na nusu, na kwenye ramani ile ni kama kilomita 1.2. Ndege inayokwenda noti 90 ikigeuka kwa kulala digrii 30 huhitaji upana wa mita 760 hivi ili irudi ilikotoka. Lakini kwenye kimo cha futi 7,000, kipimo kikisoma 90, kasi ya kweli inakaribia noti 103, na kwa kuwa upana wa kugeukia hukua kwa kipeo cha pili cha kasi, mita zile 760 zinakuwa karibu kilomita moja kamili. Mita 200 zinazobaki kwenye ukingo wa sarafu ni za upepo na za kuchelewa kwa binadamu.

“Pale sarafu inapogusa mistari ya mwinuko pande zote mbili,” alisema, “bonde limekwisha, hata kama mto unaendelea.”

Tulipokuwa ndani ya bonde lenyewe aliniuliza, “Ukiambiwa ugeuke sasa hivi, utapita wapi?” Nilimwonyesha. Baada ya dakika moja aliniuliza tena, nikamwonyesha. Mara ya tatu nilisita, na kusita kule kulikuwa jibu: akanitaka nigeuke hapo hapo. Nilikuwa nimejiweka katikati ya bonde, kama dereva anavyojiweka katikati ya barabara nyembamba, na hilo ni kosa, kwa kuwa ukiwa katikati una nusu tu ya upana wa kugeukia, upande wowote utakaouchagua. Mahali pa kukaa ni karibu na mteremko mmoja, ule unaoukabili upepo, ambako hewa inapanda, ili bonde lote lililobaki liwe lako siku ya haja. Kulala zaidi ya digrii 30 hupunguza upana huo, ni kweli, lakini ndege iliyolala digrii 60 huhitaji kasi iliyozidi kwa asilimia 41 ili mabawa yaendelee kuibeba, na rubani aliyekwisha kuogopa ndiye huyo huyo anayesahau hesabu hiyo.

Kuhusu viwanja vya mbali nitasema machache. Mwenyeji mmoja alituambia kwamba kiwanja chake cha udongo kina mita 900. Tulipotua tulikipima kwa hatua, tukapata 640 tu zinazofaa, zilizobaki zikiwa na mashimo na vichuguu. Tungeondoka pale mchana, tukiwa na abiria wawili na mafuta kamili, nina yakini kwamba migunga ya mwisho wa kiwanja ingetusimamisha. Tulilala, tukamimina mafuta kiasi, tukaondoka saa kumi na mbili na nusu alfajiri hewa ikiwa baridi. Tangu hapo sikiamini kiwanja nilichotajiwa kwa simu, na nikifika huruka kwanza chini chini juu yake nione punda milia, ng'ombe na mitaro. Kiwanja kinachopanda mlima nacho hudanganya jicho: ukikiendea kutoka chini unajiona uko juu mno, ukashuka zaidi ya inavyostahili, na ardhi ikakufikia mapema.

Mawingu ndiyo yanayonitisha kwa dhati. Tarehe 19 Julai 2003 ndege iliyokuwa na watu 14 iliugonga Mlima Kenya karibu na kilele cha Lenana. Tarehe 5 Juni 2018 ndege iliyotoka Kitale kwenda Nairobi iliigonga milima ya Nyandarua ikiwa na watu 10. Hakuna aliyenusurika. Zote mbili zilikuwa na marubani wawili na nguvu nyingi kuliko kindege changu. Huwakumbuka kila ninapoona wingu limekaa juu ya kilele na pengo jembamba chini yake, pengo ambalo kwa mbali hufanana na mlango.

Jumamosi iliyopita nilikuwa nampeleka shangazi Taveta kwa harusi. Nilimwarifu ndugu yangu njia tutakayopita na saa ya kufika, nikavaa viatu vya kutembelea, nikakifunga kiunoni kile kimkoba chenye maji, filimbi na kisu, kwa kuwa ndege ikiungua hubaki nacho kile tu kilichokuwa mwilini. Tulipofika karibu na Voi, Vuria haikuonekana, na wingu lilikuwa limeshuka hadi katikati ya mteremko. Kusini kulikuwa na mwanga kidogo. Nilizunguka mara moja juu ya reli, nikalitazama pengo lile kwa dakika mbili, nikamwambia, “Shangazi, tunarudi.”

“Na harusi?”

“Utakwenda kwa gari, shangazi. Ukitoka saa tano utakuta hata biriani haijapakuliwa.”

Saa nne kasorobo tulikuwa tumeshatua Port Reitz. Nilifunga ndege kwa kamba, nikaandika kwenye daftari langu la safari saa 1.4, Mombasa hadi Mombasa, na shangazi akawa tayari ameshampigia simu mtu wa gari.