Saa moja iliyorudiwa

Jana asubuhi binti yangu alikuwa anaongea na bibi yake WhatsApp, bibi akamwambia leo nimeamka saa kumi alfajiri usingizi ukakata, mtoto akanigeukia, baba mbona bibi anasema kumi wakati ilikuwa nne? Hilo la saa za Kiswahili nishamweleza sana na ataendelea kuuliza, sina shida nalo. Lililonikamata ni la pili. "Na sisi na bibi tunapishana masaa mangapi?" Nikajibu haraka, nane. Halafu nikakumbuka usiku unaokuja ndio ule ambao huku Marekani saa zote zinarudishwa nyuma kwa saa moja, nikamwambia nane mpaka leo usiku, kesho zitakuwa tisa. Yeye akaenda zake kucheza, mimi nikabaki nimesimama jikoni na kikombe cha chai mpaka kikapoa.

Mzee alifariki Jumamosi, tarehe 3 Novemba 2007, baada ya magharibi ya Tanga. Huku Minneapolis ilikuwa saa tano asubuhi, nimelala maana nilikuwa natoka zamu ya usiku, mdogo wangu akapiga akasema maneno mawili tu, "Kaka, mzee," na mimi nikajua. Kwenda nisingeweza. Makaratasi yangu yalikuwa bado hayajatoka na wakili alishaniambia ukivuka mpaka kabla ya jibu, ombi linahesabika umeliacha, na hata ningekuwa na makaratasi yote na nauli mfukoni nisingewahi, kwetu maiti hasubirishwi. Mzee angesaliwa adhuhuri ya Jumapili na saa saba na nusu angekuwa makaburini. Mimi ndiye mtoto wake mkubwa wa kiume. Ilikuwa niingie mimi mwanandani, mle ndani ya kaburi, kumpokea, na anayejua mambo haya hahitaji nimweleze zaidi.

Basi tukapatana na mdogo wangu, nitapiga simu saa saba na nusu ya kule, yeye ataishika pale kaburini nisikie talakini, yale maneno anayosomewa maiti akishazikwa, na dua. Nikatoa nane, nikapata saa kumi na moja na nusu alfajiri. Niliiandika kwenye kiganja kwa kalamu. Jioni nikaenda Lake Street duka la Msomali nikanunua kadi mbili za dola tano, zile za kukwangua, mbili kwa sababu zile kadi unaambiwa dakika sitini, unaongea ishirini inakata.

Kazini nilikwenda. Watu wameshaniuliza sana ulikwendaje kazini siku hiyo, lakini wenzangu niliopanga nao nyumba wote walikuwa kwenye zamu, kubaki peke yangu na zile kuta niliona siwezi.

Ilikuwa nyumba ya wazee nje kidogo ya mji, zamu ya saa tano usiku mpaka saa moja asubuhi. Nesi wa zamu alikuwa mama wa Liberia, Walaiberia wako wengi sana upande wa Brooklyn Park, nilimwambia habari za mzee akanishika mikono yote miwili akasema saa hiyo ukitaka kupiga simu nenda, nitakaa mimi kwenye korido. Tukaendelea na kazi. Kumgeuza huyu, kumbadilisha yule, kila masaa mawili unaanza upya ili migongo isitoke vidonda.

Ilipofika saa nane usiku yule mama akaniita ukumbi wa chakula. Kulikuwa na saa kubwa ya duara ukutani, juu kabisa. Akaburuta kiti, akavua viatu, akapanda na soksi, akasema nishikie hiki kiti kinacheza. Nikakishika. Ninamwona mpaka leo anavyokifungua kile kioo, anaweka kidole chake cha shahada kwenye mshale mrefu na kuusukuma kinyumenyume, taratibu kama anaogopa utavunjika, ukapita tisa, ukapita sita, ukapita tatu, ukafika juu tena na ikawa saa saba. Akasema usiku wa leo tunafanya kazi masaa tisa, haya tuanze upya. Mimi Marekani niliingia Disemba 2006, mwezi wa tatu niliwaona wanazipeleka saa mbele lakini kurudishwa nyuma sikuwahi kukuona. Nimekishika kiti kwa mikono miwili na kwenye kiganja cha kulia, kilichobana ule ubao, kuna saa kumi na moja na nusu imeandikwa kwa wino. Sikuunganisha. Naapa sikuunganisha, nilichowaza ni kwamba usiku umekuwa mrefu zaidi na mzee wangu yuko ndani kwetu amefunikwa.

Saa kumi na moja na nusu ya ile saa ya ukutani nikaenda kwenye loka kuchukua simu, maana kwenye wodi huruhusiwi kuwa nayo. Nikakuta nimebipiwa mara tatu, namba ya mdogo wangu. Nikakwangua kadi, nikaingiza zile tarakimu nyingi, ikaita. Nikasikia sahani. Sahani, na watu wengi wanaongea kwa sauti ya kawaida, na mtu anaomba maji. Mdogo wangu akasema, "Kaka, tumesharudi."

Nikamwambia haiwezekani, saa saba na nusu. Akasema kaka huku saa nane na nusu.

Nilirudi wodini. Kulikuwa na babu mmoja ilikuwa lazima aogeshwe kabla ya zamu ya asubuhi kuingia, nikamwogesha, nikamkausha mpaka katikati ya vidole vya miguu, sikuwahi kumwogesha mtu polepole vile, na yeye alikuwa amelala wala hakuamka.

Nilipokwenda nyumbani 2011 mdogo wangu alinipeleka kaburini. Tulipomaliza dua akaniambia, bila mimi kumuuliza, kwamba ile siku simu ilikuwa kwenye mfuko wa kanzu, na alipoteremka kumpokea mzee kwa niaba yangu aliteremka nayo, ameiweka mlio wa juu kabisa iwe itaita muda wowote. Nikamwambia umefanya vizuri. Mama anasema dua inafika popote ulipo, haina haja ya simu, na mimi naamini hivyo, lakini kila mwaka ikifika wiki hii naanza kuhesabu kwa vidole kama mtoto.

Leo simu zinajirekebisha zenyewe. Imebaki saa ya jikoni tu. Jioni binti yangu aliniona nimeishika akaja kukaa karibu, nikamsimulia kidogo, si yote. Akafikiri, akauliza, "Kwa hiyo babu alizikwa saa ngapi?"

"Saa saba na nusu."

"Ya huku au ya kule?"

Nikamwambia ya kule. Nikampa ile saa airudishe yeye.