Siku yangu moja: Kurekodi jazi ukumbini, piano ikiwa mbovu

Saa 12:30 asubuhi
Kila siku ya kurekodi naianza na albamu moja: Eric Dolphy na wenzake kwenye klabu ya Five Spot, New York, tarehe 16 Julai 1961. Dolphy anapuliza saksafoni na klarineti ya besi, Booker Little tarumbeta, Mal Waldron yuko kwenye piano, Richard Davis kwenye besi, Ed Blackwell kwenye ngoma. Fundi mitambo alikuwa Rudy Van Gelder. Piano ya pale ilikuwa na noti zisizolia sawa, na unaisikia wazi. Waldron haikimbii. Anazigonga noti zilezile, anazirudia na kuzirudia, mpaka ubovu wenyewe unageuka rangi ya muziki.

Saa 4
Kufungasha: maiki kumi, nyaya, stendi, diski mbili.

Saa 7 mchana
Nimefika klabuni, hapa Dar. Dada mpiga piano ameinama juu ya vibonye. Noti mbili za juu zinalia vibaya, na fundi wa kuzirekebisha hapatikani mpaka kesho.
“Kaka, hii tutairekodije?”
Kiongozi wa bendi anataka tutumie kinanda cha umeme. Nimemvisha dada hedifoni zangu, nikamwekea Waldron. Kasikiliza kimya, akazivua, akarudi kwenye piano na kuanza kuipima noti moja moja: hii ya kukwepa, hii ya kutumia. Kinanda kimebaki kwenye buti la gari.

Saa 10 jioni
Hii ndiyo kazi ninayoipenda kuliko zote. Studio unaweza kumfungia kila mpigaji chumba chake; klabuni ngoma itaingia kwenye maiki ya besi upende usipende. Basi nasogeza watu kabla sijagusa mitambo. Besi nusu hatua nyuma, tarumbeta igeuke kidogo, maiki mbili ziwatazame wasikilizaji. Kijana wa baa amekubali kuzima friji wakati wa nyimbo za polepole. Glasi waache zigongane. Watu wakija kusikiliza, nao wamo kwenye rekodi.

Saa 3 usiku
Wameanza. Wimbo wa pili umepita dakika 15 na hakuna anayetaka kuukata. Kwenye albamu ile ya Five Spot, kipande cha tatu kinazidi dakika 20 na kilijaza upande mzima wa santuri. Nimekaa, mikono nimeiondoa kwenye mitambo.

Saa 6 usiku
Mpiga tarumbeta amenifuata akitokwa jasho.
“Kaka, solo yangu ya mwisho ifute. Mwakani nitakuwa nimeiva, tutarekodi upya.”
Nimemkalisha, nikamweleza habari za Booker Little, yule wa tarumbeta wa Five Spot. Baada ya usiku ule wa Julai hakumaliza hata miezi mitatu. Alifariki tarehe 5 Oktoba 1961, akiwa na miaka 23. Angesubiri aive, tungemsikia wapi?
Solo haijafutwa.

Saa 8 usiku
Nanakili kwenye diski ya pili. Dada mpiga piano hajaondoka, anataka kusikia sehemu yake. Dakika ya tisa zile noti mbili zinaingia, anazigonga kwa nguvu, na mtu mmoja ukumbini anapiga ukelele.
“Rudisha hapo,” ameniambia.
Nimerudisha mara nne.