Nilivyoendelea kuwasiliana na baba wa mwanangu baada ya kuolewa tena

Mume wangu nilimweleza kabla hajaleta barua ya posa nyumbani: baba wa mwanangu nitaendelea kuongea naye mpaka mtoto akue. Ada, matibabu na likizo haviwezi kupangwa kwa kununiana. Akaniuliza, "Mtakuwa mnaongea nini?" Nikamjibu habari za mtoto, mchana, na wewe ukiwepo sawa.

Mwanzoni mzazi mwenzangu alikuwa akituma ujumbe saa tano usiku: "Umelala?" Sikujibu. Asubuhi nikaandika: "Shikamoo ya mtoto imefika? Hajambo. Ukiwa na jambo la shule nipigie mchana." Alijaribu tena na tena, akachoka. Kumgombeza kungempa mazungumzo aliyokuwa anayatafuta. Ujumbe wenyewe sikuufuta. Mume wangu aliusoma, na jibu langu akalisoma.

Ndugu walinishauri nikate kabisa. Lakini Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 hapa Tanzania inampa mtoto wa wazazi walioachana haki ya kumtembelea mzazi mwingine na kukaa naye, ilimradi masomo yasivurugike. Hata isingekuwepo, mwanangu anampenda baba yake, na mimi sina ruhusa ya kumpokonya.

Kilichobadilisha mambo ni msiba. Bibi yake mtoto alifariki, mama ambaye tangu niachike hakuacha kuniita mkwe. Nilijua lazima niende, nikawa sijui nianzie wapi kusema. Mume wangu akasema, "Tunakwenda wote." Akakaa chini ya turubai na wanaume, akaandikisha rambirambi kwa jina lake. Mimi nikajifunga kanga nikaingia kumenya vitunguu na waliokuwa mawifi zangu. Jioni mzazi mwenzangu akamfuata, akampa mkono kwa mikono miwili: "Kaka, umetuheshimu sana." Nilikuwa nimebeba sinia la chai, nikasimama palepale.

Siku hizi akinikosa hewani anampigia mume wangu moja kwa moja. Safari ya mtoto ya likizo ya Desemba waliipanga wao wawili, basi na atakayempokea. Mimi niliambiwa tu saa ya kumfikisha stendi.