Folda ya Mashine na Folda Yangu

Mwaka 2021 nilikuwa mwanafunzi wa mazoezi kwenye karakana ndogo ya elektroniki jijini Mwanza. Kazi niliyokabidhiwa ni kutengeneza kidhibiti cha pampu ya kisima: kipime maji kwenye tenki, kiwashe pampu yakipungua, kiizime tenki likijaa, na kimtumie mlinzi wa kisima meseji kukiwa na tatizo. Ubongo wake ulikuwa chipu ya STM32F103C8, yenye kilobaiti 64 za kuhifadhi programu na 20 tu za kufanyia kazi.

Kwa chipu hii watu wengi hawaanzi na ukurasa mtupu. Unafungua CubeMX, programu ya kompyuta ya kuandaa chipu hizi, unaonyesha kila mguu wa chipu ufanye nini, unabonyeza kitufe, nayo inakuandikia mradi mzima: folda ya Core yenye Src na Inc ndani yake, folda ya Drivers, faili la Makefile lenye maelekezo ya kujenga programu, na faili la .ioc linalotunza ulichochagua. Ndani ya main.c unaachiwa viwanja vyako, kila kimoja kikiwa kati ya maandishi USER CODE BEGIN na USER CODE END. Ukiandika ndani ya mipaka hiyo, kodi yako inabaki hata mradi ukizalishwa upya. Nje ya mipaka ni eneo la mashine.

Hilo nilikuwa nalijua. Lakini main.c yangu ilikuwa imefika mistari 1,400. Kipimo cha maji, pampu, simu, vyote vilikuwa humo humo, na kila nilipohamisha kipande kimoja ili nipate pa kuweka kingine, mipaka ile niliacha kuiangalia.

Jioni moja nikahitaji kuipa moduli ya simu njia yake ya mawasiliano. Nikafungua .ioc, nikachagua USART2, nikabonyeza kitufe. Niliporudi kwenye main.c, sehemu nzima ya pampu haikuwepo.

Mhandisi aliyekuwa ananisimamia tulimwita dada, karakana nzima.

“Dada, kodi ya pampu siioni.”

“Huioni wapi?”

“Haipo kabisa.”

Akavuta kiti, akakaa. Hakunigombeza, akauliza nakala iko wapi. Nakala ilikuwa kwenye flashi, ya siku nane nyuma. Lipo chaguo la kuiagiza CubeMX itunze mafaili ya zamani kabla ya kuandika mapya, lakini sikuwa nimeliwekea tiki.

Mistari yenyewe ningeweza kuiandika tena. Kilichoniuma ni namba moja. Siku tano kabla ya hapo nilikuwa nimeshinda kisimani na mzee anayekilinda, tukihesabu maji yanachukua muda gani kupanda bombani tangu pampu iwashwe mpaka yafike kwenye kihisi cha mtiririko. Kidhibiti kikikata tamaa mapema, maji hayatafika kamwe. Kikisubiri mno siku kisima kimekauka, pampu inazunguka kavu na kuungua, na kijiji kinarudi kubeba ndoo. Tulirudia kipimo mara nyingi, jua likiwa kali. Namba ile niliiweka kwenye kodi, basi, sikuiandika mahali pengine.

“Namba tutaitafuta,” dada alisema. “Kwanza tuhame humu.”

Tukatengeneza folda mpya pembeni ya Core na Drivers, tukaiita Programu. Ndani yake tatu: Kipimo, Pampu, Simu. Core na Drivers ni za mashine, iandike na kufuta itakavyo. Programu ni yetu, CubeMX haina habari nayo. Kwenye main.c tukabakiza mistari mitatu tu, kila mmoja ndani ya kiwanja chake: wa kuita programu.h, wa programu_anza(), na wa programu_zunguka() ndani ya kitanzi kikuu. Makefile nayo ni ya mashine, kwa hiyo orodha ya mafaili yetu tukaiweka kwenye programu.mk, na ndani ya Makefile tukaongeza mstari mmoja wa kuiita, chini kidogo ya orodha ya C_SOURCES. Ikiandikwa upya, ni mstari mmoja wa kurudisha.

Nikaandika make, amri ya kujenga programu kwa kufuata Makefile, kwa matumaini. Ikagoma. Ujumbe ulisema mipangilio.o imerudia kutangaza vitu ambavyo tayari vimetangazwa na mipangilio.o, yaani faili linagongana na lenyewe (.o ni faili la .c likishageuzwa kuwa lugha ya mashine). Tulihangaika nao kama saa nzima. Nilikuwa nimeweka mipangilio.c mbili, moja kwenye Pampu na nyingine kwenye Simu, nikiamini folda zinatosha kuzitenganisha. Dada akanionyesha neno notdir ndani ya Makefile. Kazi yake ni kuondoa jina la folda na kubakiza la faili, kisha matokeo yote yanamwagwa kwenye folda moja ya build. Huko mafaili yangu mawili yalikuwa na jina moja. La Pampu likageuzwa mara moja na kuunganishwa mara mbili, la Simu halikuguswa. Tukayaita pampu_mipangilio.c na simu_mipangilio.c, make ikapita.

Ikabaki namba. Asubuhi nikampigia mzee.

“Shikamoo mzee.”

“Marahaba mwanangu. Mashine imepona?”

Nikamweleza nilichopoteza. Akasema ngoja, nikasikia mlango wa bati ukilia.

“Niliandika kwa chaki hapa nyuma ya mlango. 47. Na chini yake uliniambia niandike ongeza 10.”

Nikashindwa kusema kitu kwa muda. Kisha nikafungua Programu/Pampu/pampu_mipangilio.c, nikaandika 57, na juu yake maelezo: sekunde, imepimwa kisimani, iko kwa chaki nyuma ya mlango wa nyumba ya pampu. Dada akaegemea bega langu, akafungua .ioc, akabonyeza kitufe kilekile. Tukasubiri. Nikafungua faili tena, 57 ilikuwa palepale.